Kuku Aliyefundisha Kutoa

Wimbo ule niliusikia kwa mara ya kwanza shuleni kwetu Ilomba, watoto wakiwa kwenye mstari wa kunawa mikono kabla ya uji. Mimi ni mwalimu wa darasa la awali. Nyimbo za kuhesabu nazijua karibu zote, nyingine nimezitunga mwenyewe, lakini huu ulikuwa mgeni kwangu:

"Vifaranga watano, mama yao mmoja,
Mmoja kaenda choo, shimo likamngoja!"

Halafu mmoja wao akauliza kwa sauti ya kujidai ukubwa, "Wamebaki wangapi?" Wenzake wakapiga kelele, "Wanneee!" Wakajipigia makofi, wakaangua kicheko hadi maji yakamwagika.

Niliwauliza wameutoa wapi. Msichana mmoja, mtoto wa dereva wa lori la mafuta, akanitazama kwa mshangao.

"Kwa kuku, Madamu."

"Kuku gani?"

"Kuku mwalimu. Yuko kwenye simu ya mama." Akafikiri kidogo. "Anaongea kama wewe."

Nilicheka. Watoto wa umri ule kila mwanamke mwenye miwani ni Madamu wao. Lakini mchana, watoto walipokwisha kuchukuliwa, mwalimu mwenzangu aliniletea simu yake akiwa amejifunika mdomo kwa khanga. Nikaiangalia katuni hiyo nikiwa nimekaa kwenye kiti cha mtoto, magoti yamenifika kifuani.

Ilianza kama katuni yoyote ya watoto. Jua linatabasamu, milima ya kijani, na darasa la rangi ambazo hakuna darasa la kwetu limewahi kuzipata. Kuku mnene aliyejifunga kitenge, miwani puani, akasema, "Watoto wazuri, hamjambo?" Vifaranga wakaitika. "Leo tunajifunza kutoa!" Kifaranga mmoja akaomba ruhusa, akaenda chooni akirukaruka. Ubao ukakatika. Kuku akaenda, akachungulia shimoni, akaiweka miwani sawa, akarudi darasani: "Wamebaki wangapi?" Wa pili akaangukiwa na ukuta wenye ufa. Wa tatu akavuka barabara kuu kwenda kununua chaki, tukasikia honi ya lori. Na kila mara akipungua mmoja, anaingia kiboko aliyevaa suti, mgeni rasmi, anakata utepe, na wote wanapiga makofi. Mwisho kuku yuko peke yake mbele ya madawati matupu, anaandika sifuri ubaoni, na kiboko anashika kipaza sauti na kusema kwa furaha kwamba tatizo la msongamano wa wanafunzi darasani sasa limekwisha kabisa.

Hapo nilicheka. Nasema kweli, kicheko kilinitoka kabla sijakizuia.

Kisha nikairudia, kwa sababu lile neno la yule msichana lilikuwa limeanza kunikereketa. Na safari hii nilisikia. Ile "vizuri sana, tujipigie makofi", na jinsi neno "sana" linavyovutwa, ilikuwa sauti yangu. Kila neno la yule kuku lilikuwa limetoka kinywani mwangu.

Nilijua mara moja sauti hiyo ilikotoka. Mdogo wangu wa kiume anaishi Iringa, Kihesa, anatengeneza video za harusi na kadi za michango, na muda wake wote uliobaki anachora katuni. Tulikuwa tumewahi kurekodi pamoja masomo ya watoto wadogo, rangi na namba na herufi. Alitundika mablanketi madirishani ili magari yasisikike, mimi nikasoma mpaka koo likakauka. Tuliyaweka hadharani bure, kwa nia njema. Hakuna aliyeyatazama. Hata wazazi wa darasa langu, niliowabembeleza mmoja mmoja langoni, hawakuyatazama. Sasa sauti ileile, iliyokatwakatwa na kushonwa upya, ilikuwa inazunguka kila simu ya Mbeya, na watoto wangu wanaimba shimo limemngoja nani.

Hilo peke yake lingetosha kunitia hasira. Lakini nilipoitazama mara ya tatu nilimwona vizuri yule kifaranga wa kwanza, wa chooni. Alikuwa amevaa sweta ya njano, na mkono mmoja wa sweta ulikuwa mrefu kuliko mwingine.

Sweta hiyo niliifuma mimi. Sifumi vizuri. Nilinunua nyuzi Mwanjelwa, nikaifuma kwa ajili ya mtoto wa dada yangu aliyeko Madibira, dada kwa maana ya binti wa mama yetu mkubwa, ambaye tulilelewa naye sahani moja. Mtoto alikuwa ndiyo kwanza ameanza awali. Madibira kuna joto, lakini asubuhi za mwezi wa sita hata kule zinauma, na yeye aliipenda, akawa haivui mpaka jua lipande. Siku moja aliomba ruhusa kwenda chooni na hakurudi darasani. Mbao za choo zilikuwa zimeoza. Walianza kumtafuta baada ya wenzake kufika nyumbani bila yeye, wakamtafuta kwanza kwenye mifereji ya mashamba ya mpunga, kwa sababu hakuna aliyefikiria kwamba shule ndiyo imemchukua.

Nilimrudishia mwenzangu simu yake. Ijumaa, vipindi vilipoisha, nilipanda basi la Iringa.

Njia nzima nilikuwa napanga maneno. Igawa nikayapanga, Makambako nikayapangua, Mafinga baridi ikaingia dirishani nikayapanga upya. Mdogo wangu alinifungulia mlango akitabasamu, akanipokea mkoba.

"Karibu dada. Mbona hukusema unakuja?"

"Unachekesha watu kwa kifo cha mtoto wetu."

Tabasamu likamwisha. Aliweka mkoba chini, taratibu, kama kitu kinachoweza kuvunjika.

"Kaa kwanza, dada."

"Sikai. Nani alikupa ruhusa ya kuchukua sauti yangu? Mimi ni mwalimu wa watoto. Watoto wangu wanaimba ule uchafu kwenye mstari wa uji!"

"Mwanzoni kabisa nimeandika ni ya watu wazima."

"Maandishi! Mtoto wa miaka mitano anasoma maandishi yako? Hata mama yake hayasomi! Anaona kuku, anaona rangi, anampa mtoto simu ili apike kwa amani. Na wewe ulilijua hilo, ndiyo maana ukachora kuku."

Nje jirani alikuwa anatwanga kitu, ule mdundo ukawa unaingia katikati yetu. Kisha mdogo wangu akasema kwa sauti ya chini, "Siku ya msiba ulikuwa ndani na kina mama. Mimi nilikuwa nje na wanaume. Ulisikia makofi?"

Niliyasikia. Nitayasikia mpaka nife. Nilikuwa nimekaa kwenye mkeka, kichwa cha dada yangu kikiwa mapajani mwangu, nje kiongozi mmoja aliyekuja na gari la serikali akiwa anahutubia. Hatukuyasikia maneno yake vizuri. Ghafla tukasikia makofi, makofi ya watu wengi, kama ya mahafali. Dada akainua kichwa, uso umemvimba, akaniuliza, "Wanapiga makofi ya nini?" Baadaye niliambiwa kwamba yule bwana alikuwa ameahidi choo kipya cha matofali, halafu akasema, tupige makofi. Na watu, kwa mazoea, wakapiga. Jeneza dogo lipo pale kwenye meza.

"Niliyasikia," nikamwambia.

"Mimi nilikuwa nimesimama karibu yake. Mikono yangu ilitaka kuinuka yenyewe, dada. Tumefundishwa hivyo tangu awali. Tangu siku ile nikisikia makofi ninaumwa." Akavuta kiti, akakaa yeye, mimi nikiwa bado nimesimama. "Nilirudi kule baadaye. Badala ya choo nilikuta nguzo nne zimesimama kwenye majani. Basi. Nikapiga picha, nikapeleka kila ofisi niliyoijua, nikaweka mtandaoni. Hakuna hata mmoja aliyejibu. Watu wakanitumia tu alama za mikono ya kuomba dua. Nilipoweka kuku, nchi nzima ikaangalia."

"Ikacheka."

"Na wewe je? Hukucheka?"

Ningemzaba kofi. Nilikuwa nimekuja na maneno yangu yote, na yeye amenigusa palepale pabichi. Lakini nilipokaa hatimaye na kunywa chai aliyonipa, nilitambua kwamba hasira yangu haikuwa imepungua, ilikuwa imegawanyika. Nusu ilikuwa bado yake. Nusu nyingine ilimtafuta yule bwana wa gari la serikali, na zile nguzo.

"Sauti yangu ningekupa kama ungeniomba," nikamwambia. "Labda. Ningekutukana, kisha ningekupa. Lakini mtoto si wako. Dada ameiona?"

Akainamisha uso. "Hana simu kubwa."

"Kwa hiyo ulitegemea hilo."

Kesho yake asubuhi tuliondoka pamoja. Kutoka Mafinga kwenda Madibira njia ni ya vumbi, na kadiri unavyoteremka baridi inabaki nyuma yako na masweta yanavuliwa. Ulikuwa msimu wa kuvuna. Kila uwanja ulikuwa na turubai, na kila turubai lilikuwa na mpunga. Dada tulimkuta nyuma ya nyumba akiugeuza mpunga wake kwa miguu, anatembea ndani yake mistari mistari. Alipotuona wawili kwa pamoja, bila taarifa, aliweka mkono kifuani.

"Kamwene," akatusalimu kwa kilugha. "Nani amekufa?"

"Hakuna aliyekufa, dada," mdogo wangu akasema. "Nimekuja kukuonyesha kitu. Nilitakiwa nikuonyeshe kabla ya watu wote."

Nilidhani atajitetea kwanza. Hakujitetea. Alimpa simu, akasogea, akasimama juani. Dada alikaa kwenye gunia, akaiangalia, nami nikiwa nimechuchumaa pembeni yake. Jua likatabasamu, kuku akasalimia. Kifaranga mwenye sweta alipotokea, dada aliacha kupumua. Alipoomba ruhusa ya kwenda chooni, dada aligusa kioo cha simu kwa kidole, kama mtu anayetaka kumzuia, na kwa kuguswa picha ikasimama palepale. Kifaranga akabaki ameinua mguu mmoja.

Kuku wa kweli walikuja wakadonoa mpunga na hakuna aliyewafukuza.

"Huyu ni mwanangu," akasema.

"Ndiyo, dada," mdogo wangu akajibu.

"Iendelee."

Ikaendelea. Aliutazama ubao ukikatika bila kufumba macho. Kiboko alipoingia na utepe wake, akainamia simu. Makofi yalipopigwa, alinyoosha kidole. "Hayo ndiyo. Ndiyo hayo hayo niliyasikia." Na mwisho, kiboko aliposema msongamano umekwisha, dada yangu alicheka. Kilikuwa kicheko kirefu, kikavu, kilichoanza kama kicheko na kuishia mahali pengine, nami nikamshika mabega mpaka kikaisha.

Alipojifuta uso kwa ncha ya khanga, akamwita mdogo wangu aje karibu.

"Sweta mvue."

"Nitamvua."

"Huyo atakuwa kifaranga tu, kama vifaranga wengine. Mwanangu simtaki humo. Mengine yaache." Akafikiri. "Na huyo kiboko mwongezee tumbo. Siku ile lilikuwa kubwa kuliko hilo."

Mdogo wangu akataka kucheka, akaona uso wa dada, akaacha.

"Sijakusamehe," dada akamwambia. "Ulikuja kwenye nyumba hii baada ya msiba, ukala, ukaondoka, na hukuniuliza. Nikikusamehe nitakuambia mwenyewe. Haya, kawafukuze hao kuku."

Mdogo wangu alimvua kifaranga sweta siku ileile, chini ya upenu, akitumia umeme wa jua wa jirani. Akaweka na onyo la kusemwa kwa sauti mwanzoni, kwamba hii si ya watoto. Kazi ya bure, kwa kiasi kikubwa. Ile ya kwanza ilikuwa imeshagawanywa simu hadi simu, na hadi leo ukitumiwa na mtu utakuta mkono mmoja wa sweta ni mrefu. Hilo halina dawa, nami sijalizoea.

Niliporudi Mbeya nilikuta kikao cha wazazi kimeitishwa. Sauti yangu ilikuwa imetambulika. Wazazi walijaa darasani kwangu Jumamosi asubuhi, watu wazima kwenye viti vya watoto, na mwenye shule amesimama mbele na tai yake. Aliongea juu ya maadili. Aliongea juu ya sifa ya shule. Kisha akasema mwalimu atawaomba wazazi radhi na kuwahakikishia kwamba yaliyoonyeshwa kwenye katuni ni uongo wa kutunga.

Yule dereva wa lori akanyoosha mkono kabla yangu. Alisema binti yake hataki tena choo cha shule. Anajibana mchana kutwa, anafika nyumbani analia tumbo. "Mwalimu umemwingizia mtoto hofu. Mimi niko njiani wiki nzima, nitamtoaje hofu hiyo?"

Mama mmoja, mfanyabiashara wa vitambaa Mwanjelwa, mtu wa asili ya pwani mwenye maneno yaliyonyooka, akaongeza: "Sisi twaleta wana kwa mwalimu wafunzwe adabu na dua. Leo mwanangu anamwimbia bibi yake wimbo wa shimo. Haya ni mambo gani, mwalimu?"

Nilisimama.

"Radhi naomba," nikasema, "kwa watoto kuiona. Haikutengenezwa kwa ajili yao, na sauti yangu ilichukuliwa bila mimi kujua. Mtoto aliyeogopa, nimeumia naye. Lakini hayo mengine sitayasema. Si uongo. Mtoto wa chooni namjua kwa jina. Nilimzika."

Mwenye shule akasema, "Mwalimu, hayo ni ya familia."

"Basi niulize la shule. Binti anaogopa choo. Wote mmekasirika, na mna haki. Mmekasirikia kuku. Kuna mzazi hata mmoja hapa, tangu alete mtoto, aliyekwenda kukiangalia choo chenyewe? Mimi nimelisema jambo hili ofisini tangu muhula uliopita. Naambiwa tuko kwenye mchakato."

Mwenye shule alianza kusema kwamba ajenda ya leo ni moja. Yule mama wa vitambaa akainuka, akajitengeneza baibui, akachukua mwavuli wake.

"Kiko wapi?"

Tukatoka kundi zima, tukapita kwenye bembea, tukafika nyuma. Mama yule hakuingia. Alisimama mlangoni, akanyoosha mwavuli, akazigonga mbao mojamoja kama mtu anayechagua nazi. Ya tatu ilijibu kwa sauti tofauti. Akabonyeza. Kipande kikameguka na kwenda chini, tukakisikia kilipofika.

Dereva wa lori alikishika kichwa kwa mikono miwili. Kisha mama wa vitambaa akamgeukia mwenye shule, kwa upole ulionitisha.

"Baba, mchakato wenyewe ni huu?"

Mzazi mmoja nyuma akacheka. Alicheka peke yake, akajizuia haraka, akageuza uso. Nikakitambua kicheko hicho. Kilikuwa ndugu wa kile kilichonitoka mimi kwenye kiti cha mtoto.

Fundi alifika Jumatatu. Mbao zikang'olewa, zege likamwagwa, na wiki ile yote watoto walikuwa wakipelekwa kwenye choo cha kanisa la jirani. Mkataba wangu ulipoisha mwishoni mwa mwaka haukuongezwa. Niliambiwa kwa mdomo tu kwamba ni suala la maadili. Wazazi walewale niliotoka nao kwenda nyuma ya bembea walinipigia simu za pole, wakasema Mungu ana mipango yake, na hakuna aliyekwenda ofisini kuuliza. Sasa nafundisha upande wa Uyole, mbali kidogo na nyumbani, na siku ya kwanza kabla sijaonyeshwa darasa niliomba kuonyeshwa choo. Mkuu wa shule alinitazama kama nimemtukana.

Watu wananiambia hasira haijengi. Labda. Madibira, zile nguzo nne zilisimama kwenye majani mpaka mchwa wakazimaliza. Mwaka huu, baada ya mavuno, kina mama wa pale, dada yangu akiwa mbele, walichanga mchele, wakachoma matofali wenyewe, wakasimamisha choo chenye sakafu ya zege na matundu madogo ya miguu ya watoto. Walipopiga bati, ujumbe ukaja kutoka ofisi ya serikali kwamba wasubiri, kwa sababu mgeni rasmi atakuja kukizindua, na tarehe itatangazwa.

Dada alinipigia kuniambia.

"Mmewajibu nini?" nikamuuliza.

"Tuwajibu nini? Watoto wameshaanza kukitumia."